Fanksheni za Kienyeji Chini ya SWT: Tahakiki ya Kanuni ya Metodi Moja kwa Fanksheni Moja

1.0 Suala la Tahakiki

Mijadala kuhusu zana za kuundia violesura katika lugha ya Java imezoea kuuliza swali moja: je, kitufe kinachoonekana kwenye skrini ni kitufe halisi cha mfumo endeshi, au ni mchoro wa kitufe uliotengenezwa na programu yenyewe? Kwa kigezo hicho, Standard Widget Toolkit, inayojulikana zaidi kwa kifupi chake cha SWT, imesifiwa kwa kuwa vitufe vyake ni halisi, na Swing imelaumiwa kwa kuwa vyake ni vya kuigiza. Tahakiki hii inashikilia kuwa kigezo hicho ni finyu, na kwamba kimeziba macho ya wengi wasione jambo lenye uzito zaidi. Ubora wa SWT umo katika namna ilivyolipanga tabaka la fanksheni za kienyeji lililo chini yake: tabaka hilo limenyimwa kwa makusudi mamlaka ya kuamua lolote. Udhaifu wake mkubwa nao unatoka katika chemchemi hiyohiyo, kwa sababu tabaka lisiloamua humwachia mwenye mfumo endeshi maamuzi mengi, yakiwamo yale yanayohusu lugha atakayosemeshwa mtumiaji.

Neno "kienyeji" linatumika hapa kwa maana mahususi. Fanksheni ya kienyeji ni ile iliyokompailiwa kwa ajili ya mfumo endeshi mmoja na mashine ya aina moja, tofauti na msimbo wa Java ambao hutembea juu ya mashine pepe na kudai kuwa ni mgeni anayekaribishwa kila mahali. Programu ya Java inapotaka dirisha, lazima mahali fulani ivuke mpaka kutoka kwenye ugeni huo na kuingia kwenye uenyeji. Tahakiki inahusu mpaka huo: umechorwa wapi, nani anaulinda, na nini hupotea wakati wa kuuvuka.

2.0 Usuli

Maktaba ya kwanza ya violesura ya Java, yaani AWT, ilitoka pamoja na JDK 1.0 mwezi Januari 1996. Katika AWT kila kitu cha Java kilikuwa na mwenzake wa kienyeji, na mantiki nyingi ya kuwaoanisha wawili hao iliandikwa upande wa C. Matokeo yake yanajulikana: maktaba ilibaki na wijeti chache zilizopatikana katika mifumo endeshi yote, na hitilafu zilitofautiana kutoka mfumo mmoja hadi mwingine bila msomaji wa msimbo wa Java kuona sababu. Swing, iliyoingizwa rasmi katika Java 1.2 mwezi Desemba 1998, ilijibu kwa kukata uhusiano: ilibakiza dirisha la nje tu kuwa la mfumo endeshi, na vilivyomo ndani yake ikavichora yenyewe. Windows XP ilipobadili sura ya vitufe mwaka 2001, programu za Swing ziliendelea kuvaa mavazi ya zamani hadi toleo la Java 1.4.2 la mwaka 2003. Programu ya SWT ilihitaji tu faili dogo la maelezo kuwekwa kando ya javaw.exe, na vitufe vyake vikabadilika siku hiyohiyo.

Mfano huo wa Windows XP ndio uliorudiwa mno, na ndio uliofanya suala la sura lionekane kuwa suala zima.

3.0 Kanuni Yenyewe

SWT ilitoka katika kampuni ya Object Technology International ya Ottawa, Kanada, iliyokuwa chini ya IBM, na ikawafikia watu wengi mradi wa Eclipse ulipofunguliwa kwa umma mwezi Novemba 2001. Mbunifu wake mkuu, Steve Northover, aliieleza kanuni ya utekelezaji wake katika makala ya mwaka huohuo. Kwa muhtasari, kila metodi ya kienyeji iliyotangazwa katika Java iwiane na fanksheni moja tu ya mfumo endeshi, iwe na jina lilelile na ipokee hoja zilezile. Upande wa C kusifanyike jambo lingine zaidi ya kutafsiri aina za data na kuita. Hivyo, katika tabaka la Windows, darasa liitwalo OS lina metodi CreateWindowEx, SendMessage na SetWindowText, zote zikiwa zimeandikwa kama zilivyo katika nyaraka za Microsoft. Na katika tabaka la GTK kuna gtk_widget_show na wenzake, kwa herufi ndogo na vistari vyake vya chini, ingawa mtindo huo unakiuka desturi ya majina katika Java.

Kiukaji hicho cha desturi ni uamuzi wa kitahakiki kwa haki yake. Wabunifu wangeweza kuyapa majina hayo vazi la Kijava na msomaji wa Java angestarehe. Walichagua starehe ya msomaji mwingine, yule anayezijua fanksheni za mfumo endeshi na ambaye, akiuona msimbo wa SWT, ataweza kuusoma hata kama hajawahi kuandika mstari mmoja wa Java. Northover aliitetea kanuni yake kwa hoja inayofanana na hiyo: hitilafu ikitokea, mfuatano wa miito unaweza kunakiliwa katika programu fupi ya C na kuonyeshwa kwa mwenye mfumo endeshi, na hakutakuwa na tabaka la katikati la kusingiziwa.

Metodi setSelection ya wijeti Text inatosha kuonyesha kanuni inavyofanya kazi. Katika Windows, kiini chake ni miito miwili ya SendMessage: wa kwanza hupeleka ujumbe EM_SETSEL pamoja na mwanzo na mwisho wa sehemu inayochaguliwa, na wa pili hupeleka EM_SCROLLCARET ili sehemu hiyo ionekane. Kwa nini wa pili? Kwa sababu kisanduku cha maandishi cha Windows huchagua maandishi bila kuyasogeza mbele ya macho. Uamuzi wa kuyasogeza ni wa SWT, na umeandikwa katika Java, mahali ambapo yeyote anaweza kuusoma, kuuhoji na kuubadili. Katika mtindo wa AWT mstari huo wa pili ungezikwa ndani ya faili la C, na mtumiaji wa Java angeona tu kwamba kisanduku kinajisogeza katika mfumo mmoja na kukaa kimya katika mwingine.

Metodi hiyohiyo katika GTK ina sura nyingine kabisa. GTK haina wijeti moja inayolingana na Text: maandishi ya mstari mmoja hukaa katika GtkEntry, na ya mistari mingi katika GtkTextView, na kila moja ina familia yake ya fanksheni. Kwa hiyo metodi inagawanyika kwa sharti kabla haijaanza kazi. Zaidi ya hayo, GTK huhesabu herufi kwa namna yake ilhali Java huhesabu vipande vya UTF-16, na lazima hesabu moja igeuzwe kuwa nyingine. Ndiyo maana SWT haina faili moja la Text.java lenye matawi. Ina mafaili matatu yenye jina hilo, moja kwa Windows, moja kwa GTK na moja kwa Cocoa ya Apple, na yanayofanana ni yale tu anayoyaona mtumiaji wa maktaba. Lugha iliyotangazwa kuwa huandikwa mara moja na kuendeshwa popote imeandikwa hapa mara tatu. Wapo watakaoiona hali hiyo kuwa kushindwa. Ni haki zaidi kuiona kuwa ukweli uliokubaliwa hadharani: mifumo endeshi mitatu ni mitatu, na mahali pa kuukiri utatu huo ni katika msimbo unaosomeka.

Hata hivyo kanuni haikutekelezwa kwa ukamilifu, na sifa zinazotolewa juu yake hupita mahali hapa haraka mno. Sehemu kubwa ya msimbo wa C wa SWT huzalishwa na programu maalumu inayosoma matangazo ya metodi za Java na kuandika os.c na os_structs.c; ni sehemu ambayo kwa kweli haina maamuzi. Lakini kando yake lipo faili lililoandikwa kwa mkono, os_custom.c, na humo ndimo kanuni inapopindishwa. Ugeuzaji wa hesabu ya herufi uliotajwa hapo juu umo humo. Lenye uzito zaidi ni SwtFixed, chombo cha kubebea wijeti kilichobuniwa kwa ajili ya GTK 3. Mfumo huo uligawa upya utaratibu wa wijeti kuombana na kupeana nafasi, na SWT, ambayo hutaka kupanga wijeti kwa vipimo vyake yenyewe, ikalazimika kuunda aina mpya ya wijeti ya GTK kwa C. Aidha, kwa miaka mingi kila fanksheni ya GTK iliandikwa mara mbili katika Java: metodi ya kienyeji yenye kistari cha chini mwanzoni, na nyingine iliyoizunguka kwa kufuli ili nyuzi mbili za utekelezaji zisiingie pamoja. Kufuli ni uamuzi. Uliwekwa upande wa Java, kwa hiyo haukuvunja sehemu ya pili ya kanuni, lakini ulivunja dai la kuwa jina gtk_widget_show katika SWT ni jina la fanksheni ya GTK na si zaidi.

Kasoro hizi hazibatilishi kanuni. Zinaonyesha mipaka yake: uwazi unawezekana pale mfumo endeshi unapokubali kuitwa kutoka nje, na huishia pale unapotaka mgeni awe mmoja wa familia.

4.0 Gharama Zinazopanda Juu

Tabaka jembamba halizuii mvua. Desturi za mfumo endeshi hupenya na kumfikia mwandishi wa programu, na SWT imezigeuza baadhi yake kuwa sheria.

Iliyo maarufu zaidi ni sheria ya kufuta. Kila wijeti, fonti au picha ya SWT hushikilia kishikio, yaani namba ambayo mfumo endeshi hutumia kukitambua kitu chake. Utaratibu wa kuzoa taka wa Java haujui lolote kuhusu kishikio hicho. Kwa hiyo aliyeunda kitu ndiye anayewajibika kukifuta, na mzazi akifutwa watoto wake hufutwa pamoja naye. Asiyezingatia hayo katika Windows atafika, mapema au baadaye, kwenye ukomo wa vishikio 10,000 vya michoro ambao kwa kawaida huwekewa kila programu, na SWT itatangaza kuwa vishikio vimekwisha. Watetezi wa Java waliiona sheria hii kuwa kurudi utumwani. Hoja ya upande wa pili, kwamba rasilimali ya mfumo endeshi haifai kusubiri hiari ya mzoa taka asiye na ratiba, ina nguvu zaidi. Lakini haikustahili kutumika kwa kila kitu, na rangi ni ushahidi. Kwa takribani miaka ishirini, kila kitu cha aina ya Color kilipaswa kufutwa. Sababu yake ilikuwa skrini za rangi 256, ambapo rangi ilikuwa nafasi halisi katika jedwali dogo na aliyeichukua aliwanyima wengine. Skrini hizo zilitoweka, sheria ikabaki, na waandishi wa programu wakaendelea kufuta rangi ambazo hazikuwa zimeshikilia chochote hadi mwaka 2020 sharti hilo lilipoondolewa. Tabaka linaloakisi mfumo endeshi huakisi pia mizimu yake.

Gharama nyingine ni ya urefu wa vishikio. Katika matoleo ya awali kishikio kilitangazwa kuwa int, kwa sababu mashine zilikuwa za biti 32. Mashine za biti 64 zilipokuja, msimbo chanzo mzima ulijazwa maelezo madogo yaliyofichwa kando ya neno int, ambayo zana maalumu iliyageuza kuwa long kabla ya kukompaili. Mtindo huo ulidumu hadi mwaka 2018, SWT ilipoacha kabisa mashine za biti 32. Katika maktaba ambayo fadhila yake ni kusomeka, hicho kilikuwa kipindi kirefu cha kusomeka kwa shida.

Kisha kuna suala la uhai. Mwaka 2007 Apple ilitangaza kuwa violesura vya Carbon havitapata toleo la biti 64. SWT ya Mac ilikuwa imejengwa juu ya Carbon, fanksheni kwa fanksheni; haikuwa na mahali pa kusimama. Utekelezaji mpya juu ya Cocoa ulitolewa pamoja na Eclipse 3.5 mwaka 2009, na ule wa Carbon ukafuata njia iliyokwishapitwa na ule wa Motif. Swing, kwa kuwa ilishikilia dirisha la nje tu, ilikuwa na machache ya kuandika upya. Hapa ndipo tofauti ya kweli kati ya maktaba hizi mbili inapoonekana, na haina uhusiano na uzuri wa vitufe.

5.0 Nani Anasema "Ndiyo"

Tahakiki za SWT hazijatilia maanani suala la lugha ya maandishi yaliyomo ndani ya wijeti zenyewe, pengine kwa kuwa wengi wa waliozisoma zana hizi walikuwa wakitumia mfumo endeshi ulioandikwa kwa lugha ya programu zao. Kwa programu iliyoandikwa kwa Kiswahili hali ni tofauti, na inafaa kuchunguzwa kwa kina.

Chukua programu ya SWT ambayo menyu, lebo na ujumbe wake wote umetafsiriwa kwa Kiswahili sanifu. Mtumiaji anapofunga hati bila kuihifadhi, programu hufungua kisanduku cha ujumbe cha aina ya MessageBox chenye swali, "Je, ungependa kuhifadhi mabadiliko?", na vitufe vitatu. Maandishi ya swali hutoka kwa mwandishi wa programu. Maandishi ya vitufe je? Katika Windows, SWT hufuata kanuni yake na kuita fanksheni ya mfumo yenye jina MessageBox, na fanksheni hiyo hupokea idadi na aina ya vitufe bila kupokea maneno yake. Maneno hutolewa na Windows kwa lugha iliyosakinishwa. Kwenye kompyuta yenye Windows ya Kiingereza, swali la Kiswahili hujibiwa kwa "Yes", "No" au "Cancel". Microsoft imewahi kutoa kifurushi cha Kiswahili kwa ajili ya Windows, lakini uamuzi wa kukisakinisha ni wa mwenye kompyuta. Mwandishi wa programu hana sauti juu yake.

Katika GTK 2 na GTK 3, msimbo wa MessageBox umegawanyika mara mbili. Vitufe vya kukubali, kukataa na kughairi huombwa kwa majina ya akiba ya GTK, kama gtk-yes na gtk-no, na tafsiri yake hutoka katika katalogi ya GTK iliyosakinishwa. Vitufe vya kuacha, kujaribu tena na kupuuza, ambavyo GTK haina akiba yake, huchukua maneno kutoka faili la ujumbe la SWT yenyewe. Katika Cocoa vyote huchukuliwa kutoka faili hilo la SWT. Maana yake ni kwamba mwandishi akitengeneza SWTMessages_sw.properties na kulijaza kikamilifu, kisanduku chake kitakuwa cha Kiswahili chote kwenye Mac, nusu yake kwenye Linux, na hakitabadilika hata herufi moja kwenye Windows. Programu ni moja na tafsiri ni moja, lakini "Ndiyo" inasemwa na wasemaji watatu tofauti.

Swing, ile iliyolaumiwa kwa kuigiza, haina tatizo hili. JOptionPane huchora vitufe vyake na kuchukua maneno kutoka jedwali ambalo mwandishi anaweza kulibadili kwa mstari mmoja kwa kila neno. JDK haiji na maneno ya Kiswahili, lakini haimzuii yeyote kuyaweka. Kwa msomaji wa Kiswahili, kitufe cha kuigiza kilichoandikwa "Hapana" kina uhalisi zaidi kuliko kitufe halisi kilichoandikwa "No".

Ingekuwa rahisi kuishia hapo na kuipa Swing ushindi, na ingekuwa dhuluma. Mtumiaji asiyeona, anayesikiliza skrini kwa msaada wa kisomaji kama JAWS au NVDA, hupata katika wijeti za SWT sehemu kubwa ya anachohitaji bila mwandishi wa programu kufanya lolote, kwa kuwa mfumo endeshi unazifahamu wijeti hizo na kuzitangaza. Wijeti za Swing ni rangi tu mbele ya mfumo huo. Kwa muda mrefu zilihitaji daraja la ziada ambalo lilipaswa kusakinishwa peke yake. Uwezo uleule wa mfumo endeshi kukimiliki kitufe ndio unaomsomea asiyeona na ndio unaomnyima mzungumzaji wa Kiswahili lugha yake. Kulipima suala hili kwa kigezo cha "halisi" na "bandia" ni kuwalinganisha watumiaji hawa wawili bila hata kuwataja.

Waliojenga Eclipse wenyewe walilizunguka tatizo. Maktaba ya JFace, iliyo juu ya SWT, ina MessageDialog inayojenga kisanduku chake kwa dirisha na vitufe vya kawaida vya SWT, na maneno yake hutoka katika mafaili ya JFace. Vitufe vinabaki vya mfumo endeshi, na maneno yanabaki ya mwandishi. Ni suluhisho jema, na pia ni ungamo: ili kuidhibiti lugha ilibidi kupanda ngazi moja juu ya fanksheni ya kienyeji na kuiacha bila kuitwa. Matoleo ya karibuni ya SWT yameongeza setButtonLabels katika MessageBox, ambayo humruhusu mwandishi kutaja maneno ya kila kitufe. Nyongeza hiyo imechelewa, na inaiacha kanuni ya mwaka 2001 nyuma, kwa kuwa MessageBox ya Windows haina hoja ya kupokea maneno hayo.

Bado lipo dirisha la kuchagua faili. FileDialog ya SWT huita dirisha la mfumo endeshi lenyewe, pamoja na orodha yake ya folda, njia zake za mkato na mazoea ambayo mtumiaji ameyajenga kwa miaka. Hakuna anayependekeza kwa dhati kulichora upya. Mtumiaji wa programu ya Kiswahili kwenye Windows ya Kiingereza atachagua "Hifadhi Kama" kwenye menyu, na dirisha litakalofunguka litamtaka abonyeze "Save".